Paa la Tembe Chini ya Kwato

Ilikuwa Alhamisi ya pili ya mwezi Agosti. Wifi yangu husema ilikuwa Ijumaa, na mbele za watu huwa namwachia aseme, lakini Ijumaa sisi wawili tulikuwa tumekwisha kurudi nyumbani na mimi nilikuwa nimekalia kiti, kwa sababu nitakayoieleza. Alhamisi hiyo mitamba wangu sita, nguruwe majike ambao walikuwa hawajazaa hata mara moja, walikuwa wanaondoka Ilongero kwenda Kiomboi. Nilikuwa nimevaa kitenge changu cha Pasaka tangu kabla ya jua kutoka, na moyo ulikuwa unanienda mbio kama wa msichana anayesubiri matokeo ya mtihani.

Kwa miaka mingi nilikuwa nimeuza nguruwe kwa wachinjaji. Mchinjaji hatazami mguu wa mnyama. Hutazama mgongo na paja, kisha humtupa garini kama gunia. Lakini safari hii wanunuzi walikuwa kikundi cha akina mama wa Kiomboi, nao walitaka mitamba wa mbegu, wa kupandwa na kuzaa. Mwenyekiti wao, mama mmoja mrefu asiyecheka ovyo, alikuwa amekuja kuwaona bandani kwangu mwezi Juni na kuwapenda. Jumapili kabla ya safari, baada ya ibada, akanipigia simu.

"Dada, nakuheshimu, ila tuelewane mapema. Atakayeshuka anachechemea, anarudi na gari lile lile."

"Nimekuelewa."

"Hujanielewa bado. Mwaka jana tuliletewa wenye kwato zilizopasuka njiani, tukaambiwa watapona. Hawakupona. Dume akiwapanda wanakaa chini. Mwisho tukawala."

"Mliwala?"

"Tukiwa tunalia, dada."

Nilimjibu kwamba wangu watashuka wakitembea kama mabibi harusi. Sikulisema neno hilo kwa mzaha. Mtamba mwenye mguu mbovu hawezi kumbeba dume, na akifanikiwa kushika mimba hujilaza kwa kujibwaga akawaponda watoto wake. Kama hata mmoja angerudishwa, habari ingefika Ilongero kabla ya gari, nami ningerudi kuwa mwanamke wa kuuza nyama. Nilitaka kuitwa mfugaji wa mbegu. Nilikitaka cheo hicho kuliko nilivyowahi kutaka kitu kingine, isipokuwa cheti changu.

Niseme kidogo kuhusu cheti. Mume wangu alifariki katika juma la kwanza la mwezi Machi, miaka kumi na mmoja kabla ya safari hii. Ndugu walikuja kwa nia njema kunigawia huruma. Huyu alitaka nikaishi kwake, yule alitaka nimpe shamba alilime. Niliwashukuru wote, nikawapikia, nikawasindikiza barabarani. Mwezi Aprili mwaka huo huo nikanunua vibwagala viwili, yaani watoto wa nguruwe, na Januari iliyofuata nikajiandikisha masomo ya jioni, mimi niliyeishia darasa la saba. Nilipata cheti cha kidato cha nne nikiwa na umri wa miaka arobaini na sita. Kimetundikwa sebuleni, wala si chumbani.

Sasa turudi asubuhi ya Alhamisi. Kanta, lori dogo la mizigo, iliingia uani ikirudi nyuma, ikiendeshwa na dereva mmoja wa Mandewa mwenye ndevu zilizochongwa vizuri na mdomo usiopumzika. Alinisalimu shikamoo kabla hata hajazima injini, nikampenda kwa hilo. Gari lake lilikuwa na sakafu ya chuma iliyosuguliwa na mizigo ya miaka mingi hadi ikang'aa.

"Usijali, baba," nilimwambia. "Matandiko nimeandaa."

Matandiko yenyewe yalikuwa maganda ya alizeti. Huku kwetu maganda yanayobaki mashineni baada ya kukamua mafuta ndiyo jibu la kila jambo. Kuku huyalalia, matofali huchomwa kwayo, na banda langu la nguruwe limetandikwa maganda tangu siku nilipolijenga. Ni mepesi, ni makavu, ni laini chini ya mguu. Hakuna aliyeuliza swali, si dereva, si wifi yangu aliyekuja kunisindikiza, wala si mimi. Tulimwaga kiroba baada ya kiroba hadi maganda yakatufika vifundoni, tukashuka tukiwa tumeridhika na kazi yetu.

Wa kwanza kupandishwa alikuwa mtamba mwenye sikio lililokunjika. Huyu ndiye kiongozi wao. Akienda, wenzake humfuata. Alipanda ubao bila kusukumwa, akaingia garini kwa miguu ya mbele, na papo hapo maganda yakaachana chini yake kama maji. Miguu ikaenda huku na huku, kifua kikapiga chuma, na mguu mmoja wa nyuma ukazama katika upenyo kati ya ubao na ukingo wa gari. Mlio alioutoa sitausahau. Tulimshika wote watatu, tukauchomoa mguu, tukamteremsha polepole.

Nilichuchumaa mavumbini na kitenge changu cha Pasaka. Ukwato wa nguruwe umegawanyika mara mbili, na ukipasuka, hupasuka katikati ya vile vidole viwili au pembeni karibu na nyama. Nikapapasa kote. Haukuwa umepasuka. Juu yake, pale ngozi inapoanzia, palikuwa na mchubuko mwekundu. Mtamba akauweka mguu chini, akauinua, akauweka tena. Dereva alizima redio bila kuambiwa.

"Mama," akasema kwa sauti ya chini, "tuwafunge kamba miguu tuwalaze. Ndivyo wengine wanavyosafirisha."

"Nikufunge wewe kamba miguu kutoka hapa hadi Kiomboi, halafu nikuambie ushuke utembee?"

"Mimi si nguruwe, mama."

"Na wao si magunia."

Nikapanda garini, nikapitisha kiganja kwenye chuma chini ya maganda. Kilitoka kinang'aa kwa mafuta. Mashine haikamui yote; kinachobaki kwenye ganda, likikanyagwa na mnyama mzito juu ya chuma, hutoka. Bandani kwangu udongo hunywa mafuta hayo na hakuna anayejua kwamba yapo. Juu ya chuma hayana pa kwenda. Mimi, niliyejibu swali la msuguano katika mtihani wa fizikia na kuchora mpaka mishale yake, nilikuwa nimewamwagia wanyama wangu mafuta ya kupikia chini ya miguu! Nilicheka peke yangu hadi dereva akaingiwa na wasiwasi.

Wifi yangu alikuwa amesimama chini, mikono kiunoni. Ni dada mkubwa wa marehemu mume wangu, na tangu niolewe hajawahi kuniacha nipumue.

"Wifi," akasema, "ungeezeka nyumba ya mama hivi, angekurudisha kwenu siku hiyo hiyo, na mahari tungeidai yote."

Alisema kwa kunichokoza tu. Lakini mimi nilisimama pale pale garini kama mtu aliyeitwa jina lake.

Mama mkwe wangu aliishi katika tembe, nyumba ya zamani ya kwetu yenye paa bapa la udongo. Nilipoolewa, kazi ya kwanza niliyopewa ilikuwa kupanda juu ya paa hilo pamoja na wifi yangu na kulikarabati kabla ya mvua. Tulitandika mabua ya uwele tabaka moja kwa urefu na la pili kwa upana, ili yashikane. Juu yake tukamwaga udongo wenye unyevu, si tope, uliochanganywa na mchanga na mabua yaliyokatwakatwa, tukaukanyaga kwa nyayo tukiwa tumeshikana mikono. Mama mkwe alikaa chini akisikiliza. Akisikia mahali pametoa sauti ya utupu, alipiga ukuta kwa fimbo: hapo, rudieni! Paa hilo lilikuwa na mteremko kidogo, na mvua iliponyesha udongo wake haukushuka. Mbuzi walikuwa wanalipanda kila jioni, wanakimbizana juu yake, na sikumwona hata mmoja akiteleza.

"Wifi!" nilipiga kelele. "Tunaezeka!"

"Tunaezeka nini?"

"Gari!"

Alinitazama, akaitazama kanta, kisha uso wake wote ukafunguka. Hakuhitaji kuelezwa zaidi. Aliyehitaji maelezo ni dereva.

"Mama, samahani, mnataka kunijengea nyumba kwenye gari?"

"Paa tu," wifi akamjibu. "Kuta utajenga mwenyewe ukioa."

"Nimeshaoa, bibi."

"Basi mkeo atafurahi, umempelekea nyumba yenye magurudumu."

Tulifagia maganda yote hadi la mwisho. Kisha tukasugua chuma kwa majivu ya jikoni na maji kidogo, kama unavyosugua sufuria iliyoshika mafuta, tukasuuza, tukarudia. Nilipopitisha kiganja mara hii kilikwama kidogo, nikajua tumeanza vizuri. Mabua ya uwele yalikuwepo shambani ya kutosha, maana mavuno yalikwisha mwezi Juni. Kilichobaki kilikuwa udongo.

Nyuma ya nyumba yangu ya bati pana kifusi kirefu, mabaki ya tembe la mama mkwe. Liliachwa baada ya yeye kufariki, likaanguka kidogo kidogo, na leo ni tuta lenye nyasi lifikalo kifuani. Nilisimama mbele yake na jembe mkononi, nikamgeukia wifi yangu, kwa sababu ile ilikuwa nyumba alimozaliwa yeye, na marehemu mume wangu pia.

Akanipokonya jembe.

"Unataka kumpakia mama yangu garini na nguruwe?"

"Kama utaniruhusu."

"Alikuwa anapenda sana kusafiri," akasema, akachimba la kwanza yeye.

Udongo ule ulikuwa umekwisha kukanyagwa miaka mingi, ulikuwa na mchanga wake na mabua yake ndani. Tuliunyunyizia maji hadi ukikamatwa kiganjani ukashikamana, na ukiachwa ukavunjika. Tukatandika mabua kwa urefu, tukatandika kwa upana, tukamwaga udongo, tukapanda wifi na mimi tukashikana mikono na kuanza kukanyaga. Majirani walikuja kutazama, wawili wakapanda kutusaidia, gari zima likawa linayumba. Dereva, aliyekwisha kusimuliwa na wifi habari za ile fimbo, alizunguka akigonga bodi ya gari kwa ngumi, akijifanya mama mkwe: "Hapo! Rudieni!" Alikuwa amekwisha kuipenda kazi. Mwisho tukapiga safu ya mchanga mkavu wa mto juu yake, tukaufunika ule ukingo wa chuma kwa magunia, na tukafunga miti miwili kupita upana wa gari ili breki zikikamata wanyama wasirundikane mbele.

Ule ubao wa kupandia niliutupa. Badala yake dereva alirudisha gari hadi likagusa kile kifusi cha tembe, sakafu na tuta vikawa sawa, hapakuwa na ubao wala upenyo, na upande wa pili tuta lilishuka taratibu hadi uani. Nikaenda bandani kumchukua mwenye sikio lililokunjika. Alitembea. Kama alikuwa anauonea huruma ule mguu wa nyuma, au kama mimi ndiye niliyeuonea huruma, sikuweza kusema. Alifika ukingoni, akasimama, akanusa. Kisha akaweka mguu mmoja juu ya udongo wa mama mkwe, ukazama kidogo na kukaa. Akaweka wa pili. Akaingia kama anayeingia kwake, na wale watano wakamfuata wakigongana mabega. Majirani walipiga vigelegele, nami nilipiga kuliko wote.

Hofu yangu haikuwa imeisha. Mguu uliochubuka huweza kuvimba kwa safari, na mnyama aliyesimama sawa asubuhi akashuka kilema mchana. Niliamua kusafiri nyuma, nimesimama mbele ya mti wa kwanza ambapo ningeziona kwato zote, na wifi yangu akaamua kwamba hawezi kuniacha nifaidi peke yangu.

Barabara ya vumbi kutoka Ilongero tuliiendea taratibu, dereva akiviomba radhi vishimo kimoja kimoja. Upepo wa Agosti ulikuwa wa baridi na ulitufaa, kwa kuwa nguruwe hana jasho na jua kali humuua haraka kuliko kisu. Nilikuwa na dumu la maji na kopo; kila udongo ulipoanza kutoa vumbi niliunyunyizia, na wao pia migongoni. Mjini Singida tulisimama kwenye foleni, na mwuza karanga mmoja akatuita: "Mama, kilo mnauzaje?"

"Hawa hawauzwi kwa kilo," wifi akamjibu kwa sauti ya kusikika hadi stendi. "Hawa wameposwa!"

Tukipita Mandewa, bodaboda mmoja alikatiza mbele yetu bila kutazama kushoto wala kulia. Breki zikalia. Nilidaka mti kwa mikono miwili, wifi akanidaka mimi, dumu la maji likaruka. Nikatazama chini. Kwato ishirini na nne zilikuwa zimejichimbia udongoni kama mizizi. Miili yao iliegemea mbele, ikaegemea nyuma, ikatulia. Hakuna aliyeanguka. Mwenye sikio lililokunjika aliguna tu, kama mtu aliyeamshwa.

Nililia kwa furaha pale pale, upepo ukayakausha machozi kabla wifi hajapata la kusema.

Kutoka hapo lami ilikuwa nzuri, na tuliingia Kiomboi jua likiwa limekwisha kupita utosini. Akina mama wa kikundi walikuwa wamejipanga kando ya banda lao jipya, na mbele yao amesimama mwenyekiti, bila kucheka. Nilikuwa nimemwomba kwa simu atafute mahali penye ukingo, na alikuwa amechagua ukingo wa barabara ya ndani. Gari likarudi nyuma hadi sakafu ikalingana na ardhi. Mbele yake pana njia ngumu ya changarawe hadi bandani. Nilielewa kwa nini ameichagua. Juu ya changarawe mguu mbovu haufichiki.

"Mmoja mmoja," akasema.

Wa kwanza akashuka, akatembea. Wa pili, wa tatu. Mwenyekiti aliwatazama miguu tu, wala si sura, na kila mmoja alipopita alitikisa kichwa kidogo kukubali. Wa nne na wa tano walikwenda wakinusa njia. Akabaki mwenye sikio lililokunjika, ambaye siku zote ndiye wa kwanza. Alikuwa amesimama katikati ya gari, kichwa chini, hasogei.

"Yule ana nini?" mwenyekiti akauliza.

Nilikuwa naukodolea macho ule mguu wa nyuma.

"Dada, nimeuliza."

"Anaaga," wifi akasema. "Bibi harusi wa mwisho huchelewa."

Hakuna aliyecheka. Nikapiga hatua kumkaribia mtamba wangu, ndipo nikaona anachofanya. Alikuwa anachimbua kwa pua. Ndani ya udongo wa tembe alikuwa amepata kitu, mzizi au punje ya zamani, na anakitafuna kwa utulivu mkubwa. Alipomaliza akainua kichwa chenye mchanga hadi machoni, akatoka. Mguu wa mbele juu ya changarawe. Wa pili. Wa nyuma. Kisha ule uliochubuka ukashuka, ukakanyaga, ukabeba uzito wote, na ukaenda. Alitembea ile njia yote akitikisa makalio, na alipowaona wenzake ndani akaimaliza kwa mbio.

Mwenyekiti alimfuata bandani. Alipiga goti, akaushika ule mguu, akapitisha kidole katikati ya ukwato na kukizungusha pembeni. Akautazama mchubuko. Akakisugua kidole, akakinusa.

"Huu udongo wa wapi?"

"Wa kwa mama yangu," wifi akajibu.

Mwenyekiti akasimama, na kwa mara ya kwanza nikayaona meno yake. "Hawa ni wetu wote sita," akawaambia wenzake. "Na mitamba wa mwaka kesho, mfugaji wetu wa mbegu ni huyu."

Mfugaji wa mbegu. Alilisema neno lenyewe, mbele ya watu, na hakuna aliyemfundisha. Nilikuwa bado nimesimama garini, nikiyatazama hayo yote kutoka juu. Upande wa nyuma ulikuwa salama, sakafu imelingana na ardhi, ningeweza kutoka kama walivyotoka nguruwe. Badala yake niliruka kutoka ubavuni mwa gari, mimi mwanamke wa umri wangu, kwa kitenge changu cha Pasaka, moja kwa moja juu ya changarawe. Kifundo cha mguu wa kulia kikajikunja. Nilijikaza, nikatabasamu, nikanyoosha mkono kumwendea mwenyekiti kwa heshima zote, hatua moja nzima na hatua moja nusu.

Wifi yangu aliusubiri wakati huo tangu siku nilipoolewa.

"Mwenyekiti!" alipaza sauti. "Masharti ni masharti. Huyu anachechemea, tunarudi naye na gari lile lile."

Basi walinibeba, mikono kwa mikono, vicheko na vigelegele, wakanilaza juu ya udongo wa mama mkwe, ambao ulikuwa bado na unyevu na alama za kwato, nami nilisafiri hadi Ilongero bila kuteleza.